Milton Gonçalves na kazi ya mwigizaji msaidizi katika filamu za Brazili: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kila ninapozungumzia filamu za Brazili, kuna mtu ataniuliza: "Yule mzee mweusi mwenye sauti nzito, anayetokea kila mahali, anaitwa nani?" Jina lake ni Milton Gonçalves. Maswali mengine hufuata hapohapo, na kwa kuwa nimeyajibu mara nyingi kwa vipande vipande, nimeona niyaweke yote mahali pamoja.

Milton Gonçalves ni nani, kwa ufupi?

Ni mwigizaji wa Brazili aliyezaliwa tarehe 9 Desemba 1933 katika mji mdogo wa Monte Santo de Minas, jimbo la Minas Gerais, na kufariki Rio de Janeiro tarehe 30 Mei 2022. Alikuwa jukwaani kabla ya kufika mbele ya kamera. Filamu alianza mwaka 1958, televisheni akaiingia tangu kituo cha Globo kilipoanza kurusha matangazo mwaka 1965, na hakuacha kazi hadi uzeeni. Sehemu kubwa ya kazi hiyo aliifanya akiwa msaidizi: polisi, mvuvi, mfungwa, rafiki wa baba, ndugu wa shujaa.

Mwigizaji msaidizi ndiye nani hasa? Si yule anayepita tu nyuma ya wahusika?

Hapana, huyo ni mwingine. Anayepita nyuma hana jina wala neno la kusema. Mwigizaji msaidizi, ambaye Wareno na Wabrazili humwita *coadjuvante*, ana jina, ana mambo yake, na hadithi ikimtoa inapungua kitu. Ila hadithi si yake. Anaingia dakika ya kumi, anatoka, anarudi dakika ya arobaini, na mtazamaji inabidi amkumbuke palepale bila kuelezwa upya.

Kazi hii ni ngumu kuliko inavyoonekana. Mhusika mkuu ana saa nzima na nusu ya kukufanya umzoee. Msaidizi ana dakika chache, na ndani ya hizo akufanye uamini kwamba ana nyumba anakolala, ana deni dukani, na kuna mtu anayemsubiri arudi. Milton alikuwa bingwa wa hilo. Ukimtazama anapoketi tu, unajua mtu huyu amechoka kwa sababu ya kazi gani.

Alianzaje?

Kwa kazi za mikono. Familia yake ilihamia São Paulo akiwa bado mtoto, na katika ujana wake alijifunza kwa fundi viatu, kwa fundi cherehani na katika kiwanda cha uchapaji. Akaenda kutazama mchezo wa kuigiza, moyo ukanasa, akaanza na vikundi vya wasio wa kulipwa. Mwishoni mwa miaka ya 1950 alikuwa ndani ya Teatro de Arena, kikundi cha São Paulo kilichoigiza katikati ya watazamaji waliokaa kuwazunguka pande zote. Kundi hilo lilikuwa na Augusto Boal na Gianfrancesco Guarnieri, na lilikuwa na msimamo uliokuwa mpya kwa jukwaa la Brazili: wafanyakazi waonekane wakiwa wafanyakazi, wasemeshwe kwa lugha yao wenyewe.

Mwaka 1958 kikundi hicho kiliweka jukwaani mchezo wa Guarnieri uitwao *Eles Não Usam Black-Tie*. Jina hilo maana yake ni kwamba hao si watu wa kuvaa tai nyeusi na suti za karamu. Milton, akiwa na miaka 24, alicheza Bráulio, mfanyakazi wa kiwandani. Mwaka huohuo alionekana katika filamu *O Grande Momento* ya Roberto Santos, kwa nafasi ndogo. Mkumbuke Bráulio, maana tutarudi kwake.

Je, ni kweli kwamba Wabrazili walimpaka mzungu rangi nyeusi aigize mtu mweusi, wakati waigizaji kama Milton wapo?

Ni kweli. Mwaka 1969 Globo ilitengeneza tamthilia *A Cabana do Pai Tomás*, kutokana na hadithi maarufu ya mtumwa mzee wa Marekani, na mhusika mkuu akapewa Sérgio Cardoso, mwigizaji mzungu. Walimpaka rangi nyeusi na kumwekea vipande vya vizibo vya chupa puani ili pua ionekane pana. Watu walilalamika wakati uleule, akiwemo mwandishi Plínio Marcos.

Nalitaja hili kwa sababu bila ya hilo huwezi kuielewa kazi ya Milton. Brazili ndiyo nchi iliyopokea Waafrika wengi zaidi waliovushwa Atlantiki kwa nguvu, na ikaja kukomesha utumwa mwaka 1888 tu. Katika sensa ya mwaka 2022, waliojitaja kuwa weusi au machotara walizidi nusu ya watu wote. Hata hivyo, kwa miongo mingi, mwigizaji mweusi alipoitwa kazini alijua kabla ya kufungua muswada kwamba atakuwa mtumwa, dereva, mpishi, jambazi au mlinzi wa mlango. Kwa hiyo kwa watu wengi kama yeye, usaidizi haukuwa ngazi ya kupandia wala aina ya kipaji. Palikuwa mahali walipowekwa kwa rangi yao. Milton aliwekwa hapo, akapajaza watu kamili.

Katika *Macunaíma* alikuwa nani?

Filamu hiyo ya Joaquim Pedro de Andrade ilitoka mwaka huohuo wa 1969. Milton ni Jiguê, kaka wa shujaa. Macunaíma anazaliwa akiwa tayari Grande Otelo, mchekeshaji mweusi aliyekuwa na miaka zaidi ya hamsini, analia kama kichanga, na baadaye kwa maji ya kimiujiza anageuka mzungu na kuwa Paulo José. Jiguê anabaki mweusi vilevile. Wakiwa mjini, ndugu hao watatu wakitembea pamoja, unaona jinsi dunia inavyompokea mmoja na inavyompokea mwingine, na Milton hahitaji kusema lolote. Uso wake unatosha. Mwaka huo alikuwa pia katika *O Anjo Nasceu* ya Júlio Bressane, akicheza Urtiga, jambazi anayekimbia na mwenzake aliyechezwa na Hugo Carvana.

Nimesikia habari ya suti na tai. Ni ipi?

Hii ndiyo habari ninayoipenda kuliko zote. Kufikia katikati ya miaka ya 1970 Milton alikuwa amevaa kila aina ya nguo kuukuu ambazo Globo ilikuwa nazo stoo. Akamwendea Janete Clair, mwandishi wa tamthilia aliyekuwa na nguvu kuliko wote nchini, akamwomba mhusika wa suti na tai. Hakuomba awe nyota wa tamthilia. Aliomba mtu mweusi aliyesoma, mwenye kazi ya heshima, anayeingia sebuleni kwa mlango wa mbele.

Janete Clair alimwandikia daktari Percival Garcia, mtaalamu wa magonjwa ya akili, katika *Pecado Capital* ya mwaka 1975. Fikiria televisheni ya wakati ule, utawala wa kijeshi ukiwa bado umeshika nchi, familia zimekaa kutazama baada ya chakula cha usiku, na mtu mweusi yuko pale amevaa suti iliyompendeza, watu wanamwita daktari, naye anasikiliza shida zao. Alibaki kuwa msaidizi. Nafasi yake kwenye orodha ya majina haikupanda hata kidogo. Kilichobadilika ni nani anaweza kuwa msaidizi huyo.

Wapo wanaoona kwamba kuomba suti ni jambo dogo. Mimi sikubaliani nao. Mtu aliyewahi kujifunza kushona kwa fundi cherehani anajua vizuri nguo inasema nini kabla ya aliyeivaa kufungua mdomo.

Kwa nini wengi husema Bráulio ndiyo kazi yake kubwa zaidi katika filamu?

Kwa sababu alimbeba kwa miaka 23. Leon Hirszman alipoamua kuufanya mchezo ule wa 1958 kuwa filamu, akaitoa mwaka 1981, alimrudisha Guarnieri na alimrudisha Milton. Ila Guarnieri, ambaye jukwaani alikuwa kijana Tião, safari hii alicheza Otávio, baba yake Tião. Umri ulikuwa umemhamishia upande wa pili wa meza. Milton alibaki Bráulio, sasa akiwa na miaka arobaini na kitu, mwili mzito, sauti imetulia.

Hadithi ni ya familia moja na mgomo mmoja. Otávio ni mzee wa chama cha wafanyakazi, aliyewahi kufungwa. Mwanawe Tião amempa mchumba wake mimba, anaogopa kupoteza kazi, na mgomo ukianza anaenda kazini wakati wenzake wamesimama nje ya lango. Bráulio ni rafiki wa Otávio. Yeye na Otávio ndio wanaosema subirini, tujipange, tusiende kichwa kichwa. Na wenzao wakishaamua kugoma, hawakai nyumbani. Wanakwenda kusimama nao.

Bráulio anapigwa risasi na kufa. Mtazamaji wa Brazili wa mwaka 1981 hakuhitaji kuelezwa: mwaka 1979, katika mgomo wa wafanyakazi wa viwanda vya chuma mjini São Paulo, polisi walikuwa wamemuua kwa risasi mfanyakazi aitwaye Santo Dias da Silva.

Baada ya kifo hicho inakuja sehemu ambayo watu wengi huikumbuka kuliko nyingine zote, na Milton hayumo. Romana, mke wa Otávio, aliyechezwa na Fernanda Montenegro, anakaa mezani na mumewe kuchambua maharage. Hakuna muziki wa kuliza watu. Maharage yanamwagwa mezani, vidole vinatenga punje nzuri, zilizooza na vijiwe vinawekwa kando, punje zinagonga chombo. Ni kazi ambayo kila mtu aliyekulia kwenye nyumba inayopika maharage anaijua mkononi. Nao wanaifanya kwa sababu kesho watu watakula, hata kama leo rafiki amekufa. Machozi yanatoka huku mikono ikiendelea.

Sasa jiulize kwa nini sehemu ile inauma hivyo. Inauma kwa sababu tunamlilia mtu tuliyemjua. Bráulio hakupewa dakika nyingi. Hatukuona sana maisha yake. Lakini Milton alikuwa amemfanya mtu wa kawaida aliyejaa, mwenye kucheka, mwenye kumshika rafiki begani, hata punje zile zinapoanguka kila moja inasema kwamba hayupo. Hiyo ndiyo kazi ya msaidizi ikifika kileleni: akiondoka, waliobaki wanaigiza pengo lake. Filamu inaendelea hadi msafara wa mazishi yake, umati mzima mtaani. Katika tamasha la Venice mwaka huo ilipata tuzo maalumu ya majaji.

Je, aliwahi kuwa mhusika mkuu?

Ndiyo, na alionyesha kwamba angeweza kuwa hivyo mara nyingi zaidi. Katika *A Rainha Diaba* ya Antonio Carlos da Fontoura, mwaka 1974, ndiye mwenye filamu: mkuu wa genge la dawa za kulevya mjini Rio, mwanamume anayependa wanaume, anayejipaka vipodozi na kuvaa rangi kali, mpole kwa dakika moja na mwenye wembe mkononi dakika inayofuata. Ilimletea tuzo za mwigizaji bora. Ukitoka kumtazama daktari Percival ukaenda kwa Diaba, utashangaa kwamba ni mtu yuleyule, tena kwa tofauti ya mwaka mmoja tu.

Mara nyingine ni *As Filhas do Vento* ya Joel Zito Araújo. Milton ni baba mkali wa mabinti wawili wanaotengana kwa miaka mingi, na karibu waigizaji wote ni weusi. Mwaka 2004, katika tamasha la Gramado, alipewa tuzo ya mwigizaji bora akiwa na miaka 70. Ruth de Souza na Léa Garcia, nao wakongwe kama yeye, waligawana ile ya mwigizaji bora wa kike. Joel Zito ndiye pia aliyetengeneza, mwaka 2000, filamu ya kumbukumbu *A Negação do Brasil*, inayoonyesha jinsi tamthilia za nchi hiyo zilivyowatendea waigizaji weusi. Milton anazungumza humo.

Mimi nilimwona kwenye filamu ya Kiingereza. Ni yeye kweli?

Ni yeye. *Kiss of the Spider Woman* ya Hector Babenco ilipigwa São Paulo na kutoka mwaka 1985, na William Hurt akapata Oscar kwa hiyo. Milton ni Pedro, afisa wa polisi wa siri anayemtaka Molina, mfungwa aliyechezwa na Hurt, amchunguze mwenzake wa chumba cha gereza. Anaongea kwa upole wa kutisha. Sauti haipandi, na ndiyo maana unamwogopa.

Babenco alimjua vizuri. Alikuwa amemtumia katika *Lúcio Flávio, o Passageiro da Agonia* ya mwaka 1977, akiwa polisi pia, na alimwita tena mwaka 2003 katika *Carandiru*, filamu ya gereza la São Paulo ambamo wafungwa 111 waliuawa mwezi Oktoba 1992. Safari hii Milton yuko upande wa ndani ya nondo: Chico, mfungwa mzee. Mwongozaji anayemrudia mwigizaji kwa zaidi ya miaka ishirini anajua kwamba akimweka mahali, mahali hapo hapatalegea.

Mbona anajulikana kwa tamthilia kuliko filamu?

Kwa sababu ya riziki. Filamu za Brazili zilitegemea sana shirika la serikali, Embrafilme, lililoanzishwa mwaka 1969. Mwaka 1990 serikali ya rais Collor ikalifunga, na kwa miaka michache filamu mpya zikawa za kuhesabika kwa vidole. Mhusika mkuu mwenye jina anaweza kungoja. Msaidizi hawezi, anaishi kwa wingi wa kazi. Televisheni ilikuwa na kazi kila siku. Watu wengi wa fani yake walifanya hivyohivyo, na hakuna aibu ndani yake.

Alifanya jingine zaidi ya kuigiza?

Aliongoza. Jina lake limo, pamoja na la Herval Rossano, katika uongozaji wa *Escrava Isaura* ya mwaka 1976, tamthilia iliyouzwa dunia nzima, hadi China na Poland. Mwaka 1994 aligombea ugavana wa jimbo la Rio de Janeiro, hakushinda. Alikuwa pia sauti ya kudumu katika kudai nafasi za watu weusi kazini.

Kuna wengine wa aina yake ninaoweza kuwatafuta?

Wapo wengi. Ruth de Souza aliingia kupitia Teatro Experimental do Negro, kikundi alichokianzisha Abdias Nascimento mwaka 1944. Mwaka uliofuata akawa na kundi hilo kwenye jukwaa la Theatro Municipal la Rio, mahali ambapo mwigizaji wa kike mweusi hakuwa amewahi kusimama. Grande Otelo, niliyemtaja, alitumia miaka kadhaa akiwa mwenza wa kuchekesha kando ya Oscarito mzungu, na mara nyingi ndiye aliyekuwa na kipaji kikubwa zaidi. Antônio Pitanga na Zezé Motta pia. Na kwa upande wa weupe kuna Wilson Grey, mwembamba mwenye masharubu, aliyecheza vijambazi vidogo katika filamu nyingi kiasi kwamba ukitazama filamu za Rio za zamani ni nadra umkose.

Nianze na filamu ipi?

Anza na *Eles Não Usam Black-Tie*. Usisome muhtasari zaidi ya huu niliokwisha kukuharibia. Kisha *A Rainha Diaba*, ili uone upande wa pili wa mtu huyohuyo, halafu *Macunaíma*, ambayo ina vurugu na mafumbo mengi na ni rahisi zaidi ukishamjua Milton. *Carandiru* iache ya mwisho. Ukishaziona hizo nne utaanza mwenyewe kuwatafuta wasaidizi katika kila filamu.

Alifarikije?

Alipata kiharusi mwaka 2020, na matatizo yaliyofuata ndiyo yaliyomwondoa, akiwa nyumbani kwake Rio, na miaka 88. Mwili wake uliagwa katika Theatro Municipal, ukumbi uleule ambao Ruth de Souza na wenzake walikuwa wameupigania mwaka 1945.

Na yule mtu wa mabawa? Mama yangu humkumbuka huyo tu.

Huyo ni Zelão das Asas, na si mama yako peke yake. Wabrazili wengi walipolisikia jina la Milton, Zelão ndiye aliyewajia kwanza. Ni katika *O Bem-Amado* ya Dias Gomes, mwaka 1973, tamthilia ya kwanza ya rangi nchini Brazili. Mambo yanatokea Sucupira, mji wa kubuni wa pwani ya Bahia, ambako meya amejenga makaburi mapya na anasubiri kwa hamu mtu afe ili ayazindue. Zelão ni mvuvi aliyenusurika baharini. Akaweka nadhiri kwa Bwana Yesu wa wasafiri wa baharini kwamba ataruka angani, na tangu hapo anajitengenezea mabawa. Mji mzima unamwona amerukwa na akili.

Milton hakumcheza kama mwendawazimu. Alimcheza kama mtu mwenye deni ambaye hawezi kulala mpaka alilipe. Kipande cha mwisho kinapofika, Zelão anapanda mnara wa kanisa, mabawa yako mgongoni, watu wamejaa chini wakimwangalia. Anajirusha. Na anaruka, juu ya mapaa, juu ya uwanja, kuelekea baharini.